Jinsi ya kujipatia barabara mjini Goma

Parseli za Goma zimekwisha, na zilizobaki bei yake haitamkiki mbele ya mke. Barabara lakini zipo, pana, wazi, hazina geti wala mlinzi. Mwenye akili ya biashara akiitazama barabara anaona parseli ambayo haijapata mwenyewe.

Soma sheria ya ardhi kwanza. Ile ya tarehe 20 Julai 1973 inasema ardhi yote ni ya Serikali. Raia hupewa haki ya kuitumia tu, na haki hiyo huthibitishwa na sertifika ya usajili. Jirani atakuja na mparachichi aliopanda babu yake na wazee wanne wa kuapa. Mwache. Kifungu cha 389 kiliahidi kwamba haki za wenyeji zitapangwa kwa amri ya Rais; marais wakapishana, watu wakaendelea kuingojea. Wewe ngojea sertifika tu.

Kifungu cha 55 kitakutisha kidogo: ardhi ya matumizi ya umma haigawiwi kabla ya kuondolewa rasmi katika matumizi hayo. Tulia. Unahitaji tu mtu wa ofisini aliye tayari kuamini kwamba hatua hiyo ilishafanyika zamani, kabla hajaajiriwa.

Sasa chagua mahali. Lava ya volkano ya Nyiragongo, ya tarehe 17 Januari 2002, ilikata katikati ya mji hadi ziwani, ikafunika nyumba, alama za mipaka na sehemu ya uwanja wa ndege. Watu wakajenga upya juu ya makoro, yale mawe ya lava, kwa kukumbushana: hapa palikuwa duka la fulani, pale ndipo avenue ilipopinda. Mpaka wa namna hiyo ni mtamu, kwa sababu waliouona wanazeeka na muhuri hauzeeki. Kama mfuko ni mzito, shuka karitie ya Himbi, utafute kichochoro ambacho kina mama wanapitia kwenda ziwani na bidoni.

Mpima aje Jumapili asubuhi, karitie nzima ikiwa kanisani. Usianze na ukuta, huo ni ushamba. Mwaga lori moja la makoro. Wapita njia watalizunguka. Baada ya wiki chache mwaga mchanga, nao watauzunguka. Wakishazoea kuzunguka, jenga, kisha andika ukutani kwa rangi nyekundu: PARSELI HII HAIUZWI. Mji mzima umejaa maandishi hayo, na mara nyingi wanaoyaandika ni wenyewe halali wanaoogopa watu kama wewe. Yatakupa heshima.

Mama mmoja atakuja kuuliza: «Papa, na sisi tutapita wapi?» Mwite mama, mpe kiti, mwambie faili iko kadastri.

Watakushtaki, bila shaka. Wakili wao atasema kwamba mtu aliyezingirwa na parseli za wengine ana haki ya kudai njia. Kubali mara moja, kwa sauti ya huruma, halafu uwaelekeze kwa jirani wa upande wa pili. Wakianza kushtakiana wao kwa wao, wewe utaitwa kama shahidi. Jihadhari tu na mtu atakayetoa sertifika ya mahali hapo hapo, kutoka ofisi ile ile. Hiyo si ajabu: mwenye ardhi zote anaweza kusahau alimpa nani. Omba kesi iahirishwe, uongeze ghorofa.

Kwa kuwa waasi wa M23 waliuteka mji mwishoni mwa Januari 2025, andaa faili mbili: moja ya wakubwa walioko mjini, nyingine ya serikali ya Kinshasa. Usiziweke kwenye mkoba mmoja.

Limebaki suala la mlima. Tarehe 27 Mei 2021, siku chache baada ya Nyiragongo kulipuka, gavana aliamuru karitie 10 za Goma zihame, na watu wakamiminika kuelekea Sake na Gisenyi. Amri kama hiyo ikitoka tena, umati utafika mbele ya ukuta wako na magodoro kichwani. Fungua geti upande mmoja tu, wapite mmoja mmoja, na kitabu cha risiti kiwe tayari.