Wote Walikosea Kidogo

Bertrand Russell alipotoa historia yake ya falsafa ya Magharibi mwaka 1945, Byron, mshairi, alipewa sura nzima. Nietzsche naye akapata yake, ila ya kusutwa. Tangu Thales, wakubwa wanapita mmoja mmoja mbele ya mzee ili wapimwe, na wengi wanatoka hapo wamepungukiwa. Sura ya mwisho ndipo mambo yanapotengemaa: uchambuzi wa kimantiki, yaani falsafa ya kina Russell wenyewe. Kumbe miaka kama 2,500 yote hiyo Ulaya ilikuwa inamsubiri yeye, maskini! Kitabu kiliuzika sana, kikamwondolea shida ya fedha. Mwaka 1950 akatunukiwa Nobel. Ya fasihi, lakini.