Sifa za Kufuli Dogo

Kitendawili! Tega. Mlinzi wangu hali, hanywi, halali, mvua ya Kisii haimloweshi, na mshahara wake hulipwa na yule yule aliyefungiwa nje. Umeshindwa? Nipe mji. Nairobi sitaki, foleni zimezidi. Nipe Keroka, mji uliokalia mpaka, nisimame mguu mmoja Kaunti ya Kisii na mwingine Nyamira, nikupe jibu: ni kufuli.

Si la chuma. Ni lile kufuli dogo la kuchorwa, halizidi punje ya mtama, linalojibandika kando ya jina la gemu kwenye skrini siku ada ya mwezi inapoisha. Jana ulikuwa ukifunga mabao. Leo unabonyeza, na mashine inakuuliza kwa heshima kama ungependa kulipa.

Watu wa kwetu ni hodari wa kusifu. Shabana iliporudi Ligi Kuu mwaka 2023, Uwanja wa Gusii uliitikia "Tore Bobe" hadi koo zikakauka. Ndizi husifiwa. Mboga ya chinsaga husifiwa hata na wasiovumilia uchungu wake. Jiwe la Tabaka limechongwa viboko na vifaru na kusafirishwa hadi kwenye kabati za Wazungu. Lakini kufuli nani amelisifu? Linatukanwa tu, tena na vijana ambao mama zao wakiyasikia matusi yale watayatafutia fimbo ya mkuyu. Mimi leo nalitetea.

Anayesifiwa hutajiwa ukoo, nami sitaliacha langu lionekane la kuokotwa. Juni 2010 Sony ilianzisha PlayStation Plus: ulipe ada, na kila mwezi upewe gemu kadhaa. Zikaitwa za bure, kama vile sukari ya hotelini ni ya bure kwa aliyekwisha kulipia chai. Novemba 2013 ikaja mashine yake ya PS4, na kuanzia hapo hata kucheza na rafiki aliye mbali kukawa, kwa gemu nyingi, kunadai ada. Mwaka 2017 Microsoft nayo ikaleta Game Pass kwa wenye Xbox. Kufikia katikati ya 2022 PlayStation Plus ilikuwa imegawanywa madaraja matatu, Essential, Extra na Premium, kama gari moshi la zamani. Katikati ya hayo yote, Novemba 2020, ikazaliwa PS5. Na hapo ndipo kufuli lilipopanda cheo. Zamani lilikuwa bawabu. Sasa likawa afisa wa mpakani, anayemwangalia kila ahamaye kutoka mashine ya zamani kwenda mpya na kumuuliza: mizigo hii ni yako kweli?

Kabla ya kufuli tuliishi maisha ya kishenzi. Pale Keroka palikuwa na chumba cha mabati kilichopakana na kinyozi, mechi moja shilingi 20, anayepigwa anatoka. Gemu ilikuwa kwenye sidii, na sidii ilikuwa mali. Ilishikika. Iliazimwa, iliuzwa, ilikaliwa. Ikikwaruzika, mwenye chumba aliipaka dawa ya meno, akaisugua kwa kitambaa kutoka katikati kwenda pembeni, akaipuliza, akaitia mashineni, na sote tukanyamaza kama tunaosubiri matokeo ya mtihani. Siku moja mteja aliitia mfukoni akapanda matatu ya Sotik. Chumba kizima kilikaa wiki mbili kikitazama televisheni tupu. Jaribu leo kutia kufuli mfukoni! Halishikiki, haliibiki, na dawa ya meno sasa inarudi kwenye meno.

Tena ni mwalimu wa jiografia. Anayejisajili kwenye mtandao wa PlayStation huteremsha orodha ya nchi akiitafuta Kenya, asiipate. Basi vijana wa Ogembo, Suneka na Nyansiongo wamekuwa wakazi wa Marekani na Uingereza bila kupanga foleni ya viza. Mpwa wangu anaishi Chicago. Namaanisha akaunti yake ndiyo inayoishi huko. Yeye mwenyewe yuko nyuma ya nyumba akikata nyasi za ng'ombe. Anaijua namba ya posta ya mtaa wake wa Chicago kwa moyo, na sanduku letu la posta hapa Nyamira hulisahau.

Uchumi nao huufundisha. Akaunti ya Marekani hutaka kadi ya dola ya Marekani; ya Uingereza haiingii hata uiombe. Kwa hiyo kijana hutuma pesa kwa M-Pesa kwa muuzaji, muuzaji humrudishia tarakimu na herufi kwenye WhatsApp, naye huziingiza moja moja kwa pedi, kwa uangalifu wa karani wa kura. Dola ikipanda anajua kabla ya mtangazaji wa habari. Septemba 2023 ada ya mwaka ya daraja la chini ilipotoka dola 59.99 ikafika 79.99, nilimwona mpwa wangu amekaa kimya jioni nzima, kama mzee aliyesikia bei ya mbolea.

Asiyeielewa biashara hii nitamweleza kwa ng'ombe. Mwenye ng'ombe wengi humpa jirani mmoja amfugie. Jirani analisha, anaosha, anakamua, na maziwa ni yake. Watoto wake wanamwita ng'ombe jina, mgeni akija anaonyeshwa "ng'ombe wetu". Siku makubaliano yakivunjika, mwenyewe anakuja na kamba. Gemu za ada ya mwezi ni ng'ombe wa aina hiyo, na kufuli ndiyo kamba. Kuna tofauti moja tu: kwa ng'ombe, jirani hakutozwa pesa ya kumfuga.

Sasa niseme yaliyonipata, maana sifa zisizo na ushahidi ni kujipendekeza. Oktoba bonasi ya chai ilipotoka, nilitoa sehemu yake, pamoja na akiba ya harambee moja iliyoahirishwa, nikanunua mashine mpya. Ile ya zamani niliinunua miaka kadhaa nyuma kwa kijana wa duka moja mjini, aliyeniapia kwamba ndani mna gemu 20. "Zote zako, mzee." Nilizihesabu mbele yake. Zilikuwa 20 kweli.

Nyumbani hatuna intaneti ya waya, na gemu moja kubwa huweza kupita gigabaiti 50. Kuipakua kwa vifurushi vya simu ni kujaza tangi kwa kijiko. Nikaifunga mashine mpya kwa leso ya mama, nikapanda matatu hadi Kisii nikiwa nimeipakata. Makanga aliitazama, akanitazama, akasema, "Mzee, mtoto huyo ana umri gani? Aketi au alipe?" Nikalipa. Rafiki yangu anakaa Nyanchwa, ana waifai. Tuliiunganisha saa moja jioni, radi zikipiga upande wa Kilgoris, nikaandika akaunti yangu, na nikasubiri zile gemu 20 zitokeze kama ndugu waliokuja mazishini.

Hazikutokea. Gemu hazikai ndani ya mashine, zinakaa kwenye akaunti. Na zile 20 zilikuwa kwenye akaunti ya mtu nisiyemjua, ambaye pengine aliwauzia ukoo ule ule watu wengine kumi. Zilizotokea ni 11 nilizokuwa nimejichukulia mwenyewe, mwezi baada ya mwezi, kwa akaunti yangu ya kweli ya uongo. Na kando ya kila moja, safi, limenyooka, limekaa: kufuli. Nilikuwa nimeacha kulipa tangu Agosti nikingoja bonasi.

Rafiki yangu alicheka hadi akamwaga chai. Mimi, nawaambia, nilijisikia kama niliyeshikwa mkono na mtu mwaminifu. Kijana wa duka alisema zako. Kasha la mashine lilikuwa na picha ya watu wanaocheka. Mimi mwenyewe kwa miaka nilisema "gemu zangu". Katika wote hao, kufuli peke yake halikunidanganya.

Wakubwa wa dunia wamelifikia jambo hili kwa kuchelewa. Jimbo la California lilitunga sheria, ikatiwa sahihi Septemba 2024, kwamba duka la dijitali lisiandike "nunua" kama linachokupa ni ruhusa inayoweza kuondolewa, isipokuwa limekueleza wazi. Wabunge wakajadili, mawakili wakalipwa, gavana akaweka wino. Kufuli lilikuwa likisema hayo hayo miaka yote bila posho ya kikao.

Na lina daraja zake za hekima, si lote moja. Kuna kufuli la kulipika: gemu uliyoichukua wakati wa mwezi wake hubaki kwenye akaunti yako, ukilipa tena kufuli linaondoka, iwe uko kwenye mashine ya zamani au mpya. Hilo ni kufuli la huruma. Kuna jingine la gemu za katalogi ya Extra. Hizo zikiondolewa kwenye katalogi, utalipa, utaomba, na kufuli litabaki palepale. Na kuna adhabu isiyo na kufuli kabisa, ya mtu aliyechelewa. Wenye PS5 walipewa mkusanyiko wa gemu takriban 20 za PS4, ukafungwa tarehe 9 Mei 2023. Aliyekuwa amezichukua alibaki nazo. Aliyesema nitachukua kesho hana hata kufuli la kulaumu.

Ndiyo maana nawashauri walio bado kwenye PS4, wakingoja bonasi ya mwakani: chukueni sasa. Gemu ya mwezi ikija na toleo la PS5, ichukue kwa simu hata kama mashine yenyewe hujaigusa. Inaingia kwenye akaunti na kukungoja, kama mahari iliyotangulia bibi harusi. Wala usidhani toleo la zamani litakuvusha lenyewe. Machi 2021 wanachama walipewa Final Fantasy VII Remake ya PS4, wakaambiwa hiyo haiwapi haki ya toleo la PS5. Msimamo ulilegezwa Desemba. Na Sony ilikwisha kutangaza kwamba kuanzia Januari 2026 gemu za PS4 si nguzo tena ya zawadi za kila mwezi. Anayekaa sana kwenye kituo cha zamani atayaona mabasi yakipita.

Nasikia mtu akinong'ona kwamba kufuli linawatenga watoto na furaha yao. Uongo. Nyumbani kwetu limeleta umoja ambao hata padri alishindwa kuuleta. Niliporudi Nyamira na mashine yangu kwenye leso, mpwa wangu aliketi sebuleni, pedi mapajani, akiyahesabu makufuli 11 kama mtu anayesoma majina ya waliofeli. Mama, ambaye yeye humwita magokoro, yaani bibi, alikuja kuchukua leso yake. Akasimama nyuma yetu.

"Kwani hamkununua?"

"Tulinunua mashine, Mama," nikasema. "Vya ndani ni vya kulipia kila mwezi."

"Kiasi gani?"

Nikamwambia dola kumi kasoro senti moja. Dola hakuitaka. Nikamwambia kama shilingi 1,300. Hiyo nayo hakuitaka. Mama amepima maisha yake yote kwa kipimo kimoja, na alisubiri mpaka nilipokifikia: kwa malipo ya mwezi ya shilingi ishirini na kitu kwa kilo ya majani mabichi, kufuli lile linaondoka kwa zaidi ya kilo 50.

Aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyetajiwa bei ya haki. Hakuuliza gemu ni nini wala Chicago ni wapi. Alikwenda jikoni, tukasikia kitu kikiburutwa juu ya ukuta, akarudi na kikapu cha kuchumia.

Kesho yake ilikuwa siku ya kupeleka chai, na ilikuwa likizo. Umande ulikuwa haujakauka nilipopita kwenye mistari ya chini, karibu na mto. Mpwa wangu, aliyekuwa haamki kabla ya saa tatu tangu shule zifungwe, alikuwa amevaa aproni ya plastiki ya magokoro yake iliyomfika kwenye vifundo, mikono miwili ikienda juu ya miche, majani mawili na kichipukizi, majani mawili na kichipukizi, vidole vile vile vinavyojua kupiga pasi ya kisigino. Saa sita tuliubeba mzigo hadi kituo cha kununulia. Karani akautundika kwenye mizani, akautikisa, akakata uzito wa gunia, akaandika: kilo 14.

Mpwa wangu alikitazama kijikaratasi, akakigeuza upande wa nyuma kama kwamba labda kuna nyingine huko, kisha akanishika mkono wa shati.

"Mjomba, tukichukua ya miezi mitatu kwa mpigo, hawapunguzi kilo?"