Bahasha Imefika, Tunaomba Nyingine

Bukavu, 2025

Kwa Wizara ya Elimu ya Taifa na Uraia Mpya,
Kinshasa

Waheshimiwa,

Nina furaha kuwaarifu kwamba bahasha ya mtihani imefika. Ninawaandikia kushukuru, kwa sababu leo nina nafasi: ni siku za mbalamwezi, taa za wavuvi haziwavuti wale samaki wadogo tunaowaita sambaza, na mimi ambaye huuza sambaza sina cha kuuza.

Shukrani zangu si za mdomo tu. Tangu vita vitufikie, uwanja wetu wa ndege wa Kavumu umefungwa. Benki zimeteremsha milango ya chuma. Gavana na ofisi yake walihamia Uvira. Katikati ya hayo yote, mitihani ya taifa ikafanyika Bukavu. Mshahara wa mwalimu hukwama njiani, dawa hukwama njiani, lakini karatasi za mtihani zilipita. Kumbe njia ipo! Naomba mlikumbuke hilo, nitalirudia kabla sijafunga barua.

Kwanza niwapongeze kwa jina lenu. Elimu ya Taifa tuliijua zamani. Uraia Mpya ndio uliotutatiza, hadi Februari 2025. Ijumaa tarehe 14 wapiganaji wa M23 walianza kuingia mjini. Jumapili tarehe 16 tulikuwa tayari na wakubwa wengine. Somo zima la uraia mpya kwa siku mbili, bila kitabu, bila mkaguzi. Kama inawezekana, watoto wapewe pointi zake.

Mtihani nao wa kumaliza shule ya msingi mliupa jina jipya. Zamani ulikuwa TENAFEP, jaribio tu. Sasa ni ENAFEP, mtihani kamili. Karatasi imepanda cheo. Benchi limebaki pale pale.

Sasa tuje kwa mwanangu wa mwisho, aliyefanya mtihani huo, maana matokeo yake ni yenu pia. Niwakumbushe kwanza: Katiba ya Februari 2006, kifungu cha 43, ilishasema shule ya msingi ya serikali ni ya lazima na ni bure. Kifungu hicho naona kiliondoka Kinshasa kwa miguu, kwa kuwa kilifika madarasani Septemba 2019. Kabla ya hapo wizara ilikuwa sisi wazazi. Tangu miaka ya 1990, serikali iliposhindwa kumlipa mwalimu, tulimlipa sisi, tukayaita malipo hayo primu. Watoto wangu watatu wakubwa walisomeshwa na sambaza, samaki baada ya samaki. Asiyeleta primu alirudishwa nyumbani, na barabara za mtaa wetu wa Kadutu zilijaa watoto waliokuwa wakitembeza madaftari yao asubuhi.

Primu ilipofutwa nilicheza. Mwalimu hakucheza, kwa sababu kilichobaki mfukoni mwangu hakikufidiwa chote mfukoni mwake. Yeye aligoma, mkamwahidi, akarudi, akagoma tena. Na wanafunzi wakaja kwa wingi, kama mlivyotaka, wakakuta vyumba ni vile vile.

Mwanangu aliingia darasa la kwanza Septemba hiyo hiyo ya 2019. Pigeni hesabu. Darasa la sita la 2025 ni la kwanza kuanza na kumaliza chini ya elimu ya bure. Mimi nilikuwa nasubiri matokeo ya mtoto. Ninyi mlikuwa mnasubiri ya kwenu. Na miaka yenyewe mnaijua: Machi 2020 shule zikafungwa kwa ajili ya korona, kisha migomo, kisha bunduki. Nikitoa siku zote hizo kwenye miaka sita, nabaki na kitu ambacho sitaki kukitaja mbele ya watu wenye shahada.

Lakini amefaulu! Tulimpaka poda kichwani, jirani akaleta Fanta. Usiku nikamwomba anisomee kipande cha gazeti nilichokuwa nimefungia samaki. Alisoma vizuri, sauti nzuri, kama padri. Nikamuuliza habari yenyewe inasema nini. Akaniangalia kwa huruma: "Mama, ile haikukuwa mu mutihani."

Benki ya Dunia, ambayo haijateremsha mlango wake, imehesabu kwamba watoto 97 katika kila 100 wenye umri wa miaka 10 nchini mwetu hawawezi kusoma na kuelewa maandishi mepesi. Ninyi nanyi kila mwaka mnatutangazia asilimia ya waliofaulu. Nimekaa na karatasi na kalamu. Hata mkitangaza asilimia 4 tu, nikizijumlisha na zile 97 zinapita 100. Ama hesabu imenishinda, ama tunao watoto wanaofaulu karatasi wasiyoielewa. Ndiyo maana mtihani wa kuchagua jibu ni rafiki wa watoto: kidole hakihitaji kuelewa.

Halafu kuna lugha. Katiba ile ile inataja lugha nne za taifa: Kikongo, Lingala, Kiswahili na Tshiluba. Taifa lina lugha nne, na mtihani wa taifa unaandikwa kwa ya tano. Mwanangu anajua kunirudishia chenji ya faranga bila kukosea, kwa Kiswahili. Swali hilo hilo likivaa Kifaransa, anavua kofia na kunyamaza.

Ili nisionekane mlalamishi, naleta swali langu kwa mtihani ujao. "Mwalimu ana mshahara benki. Benki imefungwa. Nyumbani ana watoto wanne, darasani sabini. Je, leo asubuhi yuko wapi? Moja, ubaoni. Mbili, sokoni, anauza simu yake. Tatu, ubaoni, lakini akili iko sokoni." Mniwie radhi, majibu yote matatu ni sahihi, wakaguzi wataamua.

Basi narudi kwenye bahasha. Kwa kuwa inajua njia, na kwa kuwa Kinshasa hadi Bukavu hakuna mkono ulioizuia, naomba mwaka ujao muifanye nene kidogo. Kati ya karatasi ya Kifaransa na ile ya hesabu, pachikeni mshahara wa mwalimu. Vitabu vikikunjwa vizuri vitaingia. Benchi naelewa haliwezi. Tutumieni misumari tu, mbao tutatafuta. Na jibu la barua hii pia liwekeni humo humo. Sisi tutakuwa uani mwa shule tunasubiri, siku bahasha itakapofunguliwa.

Wenu mtiifu,
Mama muuza sambaza, Kadutu

Nakala: kwa wakubwa wa sasa wa Bukavu, walioshika mji wote isipokuwa mtihani.