Barua ya Wazi kwa Wakala wa Vipimo: Njooni Turiani Mpime Gigabaiti

Ndugu Mtendaji Mkuu,

YAH: OMBI LA KUHAKIKIWA GIGABAITI KAMA INAVYOHAKIKIWA KILO

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Barua hii inatoka Turiani, chini ya milima ya Nguru, mahali ambapo suala la vipimo halihitaji semina. Hapa muwa hauingii kiwandani Mtibwa bila kupita juu ya mizani, na ukishapita bado unapimwa utamu, maana mkulima halipwi kwa uzito wa bua peke yake. Mpunga unahesabiwa kwa gunia, mahindi kwa debe, na nyanya za kando ya barabara kwa sado, ile ndoo ya rangi iliyostaafu kazi ya ukutani ikaajiriwa sokoni. Mtoto wa hapa Madizini anaijua lumbesa kabla hajalijua jedwali la kuzidisha: gunia linajazwa mpaka mdomoni, linashonewa kilemba, kisha mnunuzi analipa bei ya gunia moja na kuondoka na gunia moja na nyongeza. Ninyi mmehangaika nayo miaka mingi, mkiwa na Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, mkononi, mkihubiri kwamba gunia lisizidi kilo 100. Kwa kuwa mna uzoefu huo, na kwa kuwa hakuna ofisi nyingine yenye mawe ya mizani, tunaomba mlete jiwe moja la kupimia gigabaiti. Tumeshindwa kuipima kwa debe.

Kielelezo cha kwanza ni Nintendo Switch, kifaa cha gemu cha mkononi kilichoingia sokoni Machi 3, 2017. Kilitangazwa kuwa na hifadhi ya gigabaiti 32. Ukikiwasha kikiwa kipya, kabla hujaweka hata gemu ya karata, chenyewe kinakiri kwamba nafasi unayoweza kuitumia ni kama 25.9. Gigabaiti sita zimeyeyuka kati ya ofisi za Nintendo huko Kyoto na mtumiaji, na kwenye kasha hakuna panya wa kusingiziwa.

Upotevu huo una sababu mbili, na ya kwanza inawahusu ninyi moja kwa moja. Kilo, katika mfumo wa vipimo unaolindwa na Mkataba wa Mita wa Mei 20, 1875, siku ambayo ninyi na wenzenu duniani mnaiadhimisha kila mwaka, ni elfu moja. Haijawahi kuwa elfu moja na ishirini na nne. Mafundi wa kompyuta, kwa kuwa mashine zao huhesabu kwa mbilimbili, walizoea kuita kilo kitu chenye 1,024, na wakati hifadhi ilikuwa ndogo hakuna aliyeumia. Lakini tofauti hiyo hukua na mzigo. Kwenye kilo ni asilimia 2 na ushee, kwenye mega inakaribia 5, kwenye giga inapita 7, na kwenye tera inafika karibu 10. Fikirini mizani ambayo hudanganya zaidi kadiri gunia linavyokuwa zito. Mwaka 1998 Tume ya Kimataifa ya Ufundi wa Umeme ilijaribu kusuluhisha kwa kutunga majina mapya, kibibaiti, mebibaiti na gibibaiti, ili kilo ya elfu ibaki na jina lake na ile ya mafundi ipate la kwake. Ni majina mazuri, yanafaa hata kwa wajukuu, ila makasha ya dukani hayakuyapokea. Basi mtengenezaji akaendelea kuuza hifadhi kwa giga ndogo, na kifaa chake mwenyewe kikaendelea kuihesabu kwa giga kubwa, hata 32 za dukani zikawa 29.8 ndani ya nyumba. Mfanyabiashara wa mpunga akikutwa na mizani mbili, ya kununulia na ya kuuzia, afisa wenu hakai chini kusikiliza historia ya hesabu za mbilimbili. Anaichukua mizani.

Sababu ya pili ni mfumo endeshi, yaani programu zinazokiwezesha kifaa kufanya kazi, ambazo lazima zikae mahali. Hilo halina ubishi. Hata sukari ya Mtibwa haiuzwi hewani, inahitaji mfuko. Lakini mfuko wa sukari ulioandikwa kilo 50 una kilo 50 za sukari, na uzito wa mfuko ni shauri la mwenye kiwanda. Kama angeruhusiwa kuujumlisha, tungekuwa tayari tunauziwa mifuko ya chuma. Watetezi husema mtengenezaji ameeleza kila kitu kwa maandishi madogo kwamba sehemu ya hifadhi hutumiwa na mfumo. Ni kweli ameeleza. Lumbesa nayo inaonekana kutoka barabarani, ina kilemba kirefu kuliko dereva wa fuso, na kuonekana kwake hakujawahi kuifanya halali.

Huko Marekani kesi za aina hii zilifika mahakamani mapema. Mwaka 2006 kampuni ya Western Digital, inayotengeneza diski za kuhifadhia, ilimalizana nje ya hukumu na wateja waliolalamika kwamba gigabaiti za kwenye kasha hazikulingana na zile zilizohesabiwa na kompyuta zao. Fidia ilikuwa programu ya bure ya kunakili na kuhifadhi data. Naomba msome sentensi hiyo mara ya pili: mtu aliyelalamikia upungufu wa nafasi alipewa kitu cha kujaza nafasi. Desemba 2014 ikawa zamu ya Apple, iliyoshtakiwa kwa simu za gigabaiti 16 ambazo mfumo wake ulikuwa umekwisha kujitwalia sehemu nzuri ya shamba. Nawatajia haya msije mkadhani ombi letu ni ndoto za vijana wa vibanda vya gemu.

Sasa nije kwenye pingamizi kubwa, lile linalotolewa na kila mwongozo wa kupunguza mzigo kwenye vifaa hivi: nafasi ikijaa, si ufute tu? Ushauri unasikika wa busara. Switch hata ina njia mbili za kufuta, moja kali na moja ya heshima. Ile ya heshima huiondoa gemu yenyewe lakini huacha picha yake kwenye skrini pamoja na kumbukumbu ya ulipofikia, mithili ya picha ya marehemu sebuleni. Ukiitaka tena, unaibonyeza, inashuka upya kutoka mtandaoni. Hapo ndipo ushauri unapofichua ulikotungwa. Umetungwa na mtu ambaye intaneti yake inalipiwa kwa mwezi na haihesabiwi, ambaye ghala la kampuni kwake ni kama chumba cha pili cha nyumba. Gemu moja kama Tears of the Kingdom ya mwaka 2023 ni gigabaiti zipatazo 16. Kwa mtu wa bando, kuishusha mara ya pili ni kuinunua mara ya pili, safari hii akimlipa mwenye mnara. Kufuta gemu Turiani ni kama kuuza mahindi mwezi wa saba ukijua fika kwamba mwezi wa pili utayatafuta tena kwa bei nyingine. Kila mkulima anajua kwa nini watu huuza hivyo: si kwamba hawana akili, ni kwamba kihenge ni kidogo. Anayewauzia kihenge kidogo kwa jina la kikubwa hana haki ya kuwafundisha uchumi wa kuuza mapema.

Na kihenge chenyewe kina chumba kisichohamishika. Kumbukumbu za mchezaji, yaani zile saa alizokesha akipanda ngazi moja baada ya nyingine, kwenye Switch hukaa ndani ya kifaa. Haziwezi kuhamishiwa kwenye memori kadi. Kuzipeleka mtandaoni kwa usalama kunataka ada ya uanachama. Muwa tunaukabidhi kiwandani, lakini hata Mtibwa haijawahi kutudai ada ya kukumbuka tulivuna nini mwaka jana.

Mtasema, basi nunueni memori kadi kubwa. Ndiyo, na hapa lazima niwe mkweli: Switch ilikubali kadi ndogo za kawaida, zile zile za kwenye simu, na kwa hilo ilistahili shukrani. Si wote waliokuwa na moyo huo. Sony ilipoileta PlayStation Vita Marekani mwaka 2012 iliitengenezea kadi za peke yake. Kifaa kiliuzwa dola 249.99, na kadi ya gigabaiti 32 dola 99.99, yaani ukinunua jembe unaambiwa mpini ni wa kampuni na bei yake ni mbili ya tano ya jembe. Switch 2 ya Juni 2025 nayo inataka kadi za aina mpya, za mwendo kasi, ndipo zibebe gemu. Ile kadi yako ya zamani itakaribishwa kuonyesha picha na video, kama mzee aliyealikwa kikaoni ili afungue kwa sala. Chini ya hao wenye leseni wapo wasio na leseni, wauzaji wa kadi bandia zilizochezewa ubongo ili zitangaze ukubwa zisio nao. Kadi ya namna hiyo hupokea kila unachoiwekea bila kulalamika, na ikishajaa huanza kuandika juu ya vilivyotangulia. Najua bidhaa bandia ni kazi ya Tume ya Ushindani, na sitaki kuwagombanisha. Lakini huyu bandia amejifunza wapi kwamba namba ya kwenye kasha ni ya kutangazia, si ya kupimia? Aliwaona wakubwa.

Niwapunguzie makali: Switch 2 imekuja na gigabaiti 256, mara nane ya mtangulizi wake. Gunia limekuwa kubwa. Lakini mikono ya wajazaji imekua nayo. Tetris ya Game Boy ya mwaka 1989 ilikaa kwenye kilobaiti 32. Kumbukeni, kilobaiti, na dunia nzima iliicheza mpaka vidole vikauma. Mwaka 2017 L.A. Noire ya Switch iliuzwa ikiwa na kadi yake ya gemu, na mnunuzi bado akatakiwa kushusha gigabaiti 14 kutoka mtandaoni. Mwaka 2025 mbinu hiyo ikakamilika: zikaja kadi za Switch 2 ambazo ndani hazina gemu kabisa, zina ufunguo tu wa kukuruhusu ukaishushe. Yaani unalipia mfuko wa sukari dukani Madizini, unaufungua mbele ya watoto, na ndani kuna karatasi imeandikwa: nenda kiwandani, nauli juu yako, na mfuko huu usiupoteze kwa sababu bila huu hutaruhusiwa kunywa chai. Na kwenye gemu za mpira, mzigo huo tunaobebeshwa una nyasi na majukwaa ya viwanja vya Uingereza. Timu yetu ya Mtibwa Sugar ilichukua ubingwa wa Tanzania mwaka 1999 na 2000, na hakuna gigabaiti hata moja iliyotengwa kwa ajili ya uwanja wake wa Manungu. Hilo silipeleki kwenu. Nimelitaja kwa uchungu tu.

Yapo mapingamizi mawili yanayoweza kutoka ofisini kwenu. La kwanza, kwamba gigabaiti haina uzito, haiwezi kuwekwa kwenye mizani. Lakini ninyi hao hao mnahakiki pampu za mafuta na dira za maji, na huko Misugusugu mnapima matangi ya malori ambayo hakuna aliyewahi kuyabeba kichwani. Kinachotakiwa si uzito. Kinatakiwa kiwango kilichokubaliwa, na kifaa kinachoweza kuulizwa kikajibu. Gigabaiti ina vyote viwili, tena ni rahisi kuliko dizeli, kwa sababu haivukizi. La pili, kwamba gemu ni anasa ya wachache na wakala una magunia ya watu wengi ya kushughulikia. Sheria ya vipimo haijawahi kumuuliza mnunuzi wa sukari kama ni ya uji wa mtoto au ya pombe. Isitoshe, hifadhi inayotangazwa kubwa kuliko nafasi inayotumika haiko kwenye gemu peke yake. Iko kwenye simu ya bodaboda, ya mwalimu, ya mwenye mashine ya kukoboa, wote hao wakiamka na ujumbe kwamba nafasi imekwisha, wakikaa kuamua kipi kife kati ya picha za msiba na video za harusi.

Tunachoomba hakizidi mnachomdai mwenye duka la mchele. Kasha liandike nafasi halisi, mfuko ukishatolewa. Giga iwe moja, ya kuuzia na ya kuhesabia. Gemu iandikwe ukubwa wake wote kwenye kasha, pamoja na kile kitakachoshushwa baadaye, ili mnunuzi ajumlishe na bei ya bando kabla hajatoa pesa. Na kifaa kikishapita, kibandikwe stika yenu ya uhakiki, ile inayobandikwa kwenye mizani, mahali ambapo kidole cha gumba hakitaibandua.

Afisa mtakayemtuma apitie Dumila, akate kona Magole, lami ipo. Aje na jiwe lake, na kebo ya chaji, na bando la kutosha, kwa sababu kifaa kitataka kusasishwa mfumo kabla hakijakubali kupimwa, na sasisho hilo nalo litakaa mahali.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mkazi wa Turiani, Wilaya ya Mvomero

Nakala: Nintendo, Kyoto (wakiwa na nafasi ya kuihifadhi)