Mhadhara wa Bingwa wa Viwavijeshi

Mheshimiwa Mwenyekiti wa kijiji, akina mama, akina baba, nanyi watoto mnaochungulia dirishani: kabla ya kumfikia kiwavijeshi, tuanze na mimi. Ndimi Bingwa wa Wadudu Kanda Nzima, cheo nilichojipa baada ya kuona wahusika wanachelewa. Nilihudhuria semina Tengeru, Arusha, wanakotabiri milipuko ya viwavijeshi kwa kuhesabu nondo dume wanaonaswa kwenye mitego yenye harufu ya jike. Mitego yenyewe sikuiona. Ilionyeshwa asubuhi, nami niliingia saa saba, wali ukipakuliwa. Cheti ninacho.

Tena siku hiyo waziri alinipungia mkono. Wapo wanaodai alikuwa akifukuza nzi. Wivu.

Basi, kwa nini "jeshi"? Kwa sababu ana cheo, kama mimi. Bwana shamba ananinong'oneza eti wakiwa wachache huwa wa kijani, kila mmoja na lake. Wakisongamana hugeuka weusi na kuandamana shamba hadi shamba. Asante, bwana shamba. Keti.

Mdudu huyu hula kila kitu! Naam, bibi, nauona mkono wako. Maharage hayakuguswa? Muhogo nao mzima? Ni mahindi, mtama, mpunga, nyasi za malisho na ndago? Ndicho nilichosema: kila kitu, isipokuwa hivyo vingine. Na ndago, bibi, ile inayokuvunja mgongo kila palizi, yeye huila bila kudai posho. Suala la posho nitalirudia.

Mnauliza tufanye nini. Mimi wiki mbili zilizopita niliwakuta kwenye mahindi yangu wakiwa wadogo, wakati ambao, nasikia, dawa huwashika vizuri. Nikawadharau, nikaenda kuandika mhadhara huu. Kurasa arobaini! Nilipoweka nukta ya mwisho, shambani palibaki vijiti.

Lakini tazameni leo: hayupo hata mmoja. Jina langu limewatimua! Unasemaje, bwana shamba? Wamejifukia ardhini, wamekuwa pupa? Pupa nani? Wali ule nilikaribishwa! Aa, pupa ya mdudu. Baada ya siku kama kumi watatoka nondo, na upepo utawachukua hadi wilaya nyingine?

Basi, Mwenyekiti, naomba barua ya kunitambulisha huko, na nauli ya kwenda na kurudi.