Mtoro ni Nani?

Katika takwimu za elimu za Tanzania, mwanafunzi aliyeacha shule huandikiwa sababu: mimba, kifo, utovu wa nidhamu au utoro. Utoro ndio unaobeba mzigo mkubwa. Neno hilo lina faida yake: humtaja aliyeondoka na kukinyamazia alichokikimbia.

Ada ya shule za msingi ilifutwa kuanzia 2002, na ya kidato cha kwanza hadi cha nne 2016. Watoto wakafurika. Kiwango cha serikali kwa shule za msingi ni wanafunzi 45 kwa mwalimu mmoja. Darasa la kwanza lenye zaidi ya 100 si jambo la kushangaza. Watatu hubanana kwenye dawati la wawili, wa nne yuko sakafuni, na kitabu kimoja huzungukwa kama sinia la pilau ya shughuli. Aliye nyuma huona kisogo cha mwenzake zaidi kuliko ubao.

Akivuka hapo, sekondari humpokea kwa Kiingereza, lugha aliyofundishwa kama somo tu na kufafanuliwa kwa Kiswahili. Fizikia inageuka kuwa kukariri. Kijijini kuna mbuzi wa kuchunga, mjini kuna karanga za kutembeza; kazi zote mbili angalau zinaeleweka.

Siku asipotokea, daftari la mahudhurio halisiti. Mwalimu aliyehama bila mbadala haandikwi mtoro. Wala kitabu ambacho hakikufika. Wala dawati. Mtoro ni yule aliyekuwa wa mwisho kuondoka.