Panda Sasa Hivi, Baba

Ukitaka kujua Kharumwa ina mabwana shamba wangapi, nunua jembe jipya upite nalo sokoni. Mimi nilipita. Kabla sijafika kwangu nilikuwa nimeshapewa miezi minne tofauti ya kupanda nyanya, na wote wanne waliapa.

Muuza pembejeo alisema nipande sasa hivi. Kwake yeye msimu ni saa za kufungua duka. Shemeji yangu wa Lushoto akasema kwa simu nipande kabichi, haina shida. Kwao watu wanapalilia na sweta! Nikapanda. Kabichi zangu zilitoa majani kama masikio ya tembo, zikakataa katakata kufunga. Tuliwalisha mbuzi, na mbuzi wenyewe walikula kwa kunifanyia hisani.

Mamlaka ya Hali ya Hewa inatuweka kwenye mvua mbili pamoja na wenzetu wa Kanda ya Ziwa: vuli Oktoba hadi Desemba, masika Machi hadi Mei. Ukishuka Tabora wana msimu mmoja tu, Novemba hadi Aprili. Sisi wa wilaya hii ya Nyang'hwale tuko njiani kati ya hao na hao, kwa hiyo Januari yetu haijulikani ni ya nani. Mwaka mmoja inakausha mahindi, mwaka mwingine inazamisha bodaboda.

Nyanya za kwanza nilizipanda na vuli. Napiga dawa asubuhi, mvua inaiosha mchana, jioni bakajani limeongeza matuta mawili. Basi nikajifunza. Mwaka uliofuata nikasia kitalu Mei, nikahamisha miche Juni kule mbugani, mpunga ulipokwisha kuvunwa na udongo bado una unyevu. Kipupwe, hakuna mvua, hakuna ukungu. Nyanya zikazaa mpaka zikavunja miti niliyoziegemeza. Nilipofika sokoni na matenga yangu nikakuta wilaya nzima imejifunza mwaka uleule. Sado nilishusha bei mara tatu kabla ya saa nne, na ya mwisho niliuza kwa mtu aliyekuwa anauliza njia.

Mwaka huu nikajifanya mjanja, nikachelewesha mpaka Agosti. Wachimbaji wetu wa dhahabu hawali kwa kalenda; duara, yaani shimo lao, likitema, nyanya inanunuliwa hata kama ni moja kwa bei ya fungu. Tatizo ni kwamba duara likitema, na maji nayo yanatakiwa kuoshea dhahabu. Kisima changu kikabaki na tope la kupaka ukuta, na maji ya ndoo yakapanda bei. Nikanunua maji kumwagilia nyanya. Mke wangu alipiga hesabu, akanyamaza. Alivyonyamaza vile, sikupenda.

Ndipo akaja kantangaze. Nilichuma jani nikaliinua juani: ndani yake kulikuwa na njia nyeupe zinazopinda na kukutana, na mwisho wa njia moja kiwavi mdogo kama punje ya mpunga, anasonga mbele bila haraka. Kwenye tunda anaacha kitundu cha sindano tu, na ndani ameshahamisha kila kitu. Ametoka Amerika ya Kusini huyu, lakini hakuna aliyeielewa wilaya yetu haraka kama yeye. Mchimbaji mdogo kamili, na leseni hana.

Jirani yangu mmoja, bibi wa watu, hana kitalu wala bomba la dawa. Ana matembele nyuma ya bafu, yanakunywa maji ya kuogea mwaka mzima, na mboga yetu ya jioni inatoka kwake. Juzi nilikwenda na mia tano yangu.

"Mwangaluka, mayu."

"Mwangaluka, baba." Akanikatia fungu, akaongeza na ya juu. Kisha akaniuliza, kwa upole kabisa, mwakani nitapanda nyanya mwezi gani.

Nikafurahi. Angalau mmoja ananitaka ushauri. Nikamwambia labda Aprili.

"Haya," akasema. "Basi huo nitauruka."